Mikokoteni Iliyochelewa

Ndugu msomaji, hebu tazama vyombo, nguo na matandiko yaliyomo nyumbani mwako, kisha ufikiri kwamba umeamriwa kuchagua ratili 17 tu, yaani kadiri ya kilo 8, na vilivyobaki uviache. Ndivyo walivyoamriwa wazee, akina mama na vijana waliokusanyika Iowa City, katikati ya Marekani, katika majira ya joto ya mwaka 1856. Wengi wao walikuwa wafanyakazi maskini wa viwandani Uingereza, na baadhi walitoka Scotland na Denmark. Mbele yao palikuwa na mwendo wa maili 1,300, nao walitakiwa kuutembea kwa miguu huku wakikokota mikokoteni kwa mikono yao.

Watu hao walikuwa waumini wa Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, ambao ulimwengu huwaita Wamormoni. Mwanzilishi wao, Joseph Smith, aliuawa na kundi la watu wenye hasira katika jimbo la Illinois mwaka 1844. Miaka miwili baadaye wafuasi wake walifukuzwa katika mji waliokuwa wameujenga wenyewe. Brigham Young aliwaongoza kuelekea magharibi, na mwezi wa Julai 1847 wakafika katika bonde la Ziwa Kuu la Chumvi. Nchi hiyo kwa karatasi ilikuwa bado ya Mexico. Kwa ukweli wa mambo ilikuwa ya Waute na Washoshone, ambao hakuna aliyewauliza. Walowezi wakachimba mifereji, wakalima, na wakawaita ndugu zao wa ng'ambo wawafuate.

Kuita ni jambo moja, na kulipa nauli ni jingine. Mwaka 1849 Kanisa lilikuwa limeanzisha mfuko wa kuwakopesha wahamiaji maskini, lakini mwaka 1855 nzige na ukame viliharibu mazao, na fedha zikapungua. Magari ya kukokotwa na maksai yalikuwa ya gharama kubwa. Young akakata shauri kwamba maskini waje na mikokoteni, naye akakadiria kuwa siku 70 zingetosha. Tusimcheke: makundi matatu ya kwanza ya mwaka ule yalifika kabla ya baridi kuanza, ingawa hayakukosa misiba ya njiani.

Msiba mkubwa ulikuwa wa makundi mawili ya mwisho. Meli zao ziliondoka Liverpool mwezi wa Mei, zikiwa zimechelewa, na walipofika Iowa City hawakuikuta mikokoteni ya kuwatosha. Iliyobaki iliundwa kwa haraka, kwa mbao mbichi. Jua la nyikani lilizikausha mbao hizo, magurudumu yakalegea, na ekseli zikasagika kwa vumbi. Wasafiri walizipaka sabuni na mafuta ya nguruwe waliyopewa wale.

Katikati ya Agosti kundi la kwanza, chini ya Kapteni James Willie, lilikuwa Florence, kando ya mto Missouri, nalo lilikuwa bado halijafika hata maili 300. Hapo ulifanyika mkutano: je, waendelee, au wangoje hadi majira yajayo? Levi Savage, mmoja wa wasaidizi wa Willie, alisimama. Alikuwa ametoka kuhubiri Burma, na miaka kumi nyuma alikuwa amevuka nyika za magharibi akiwa askari. Aliwaambia kwamba wazee, akina mama na watoto wakienda sasa, theluji itawakuta milimani na wengi watakufa. Kapteni akawahimiza watu wasonge mbele bila kujali mateso. Mikono ilipoinuliwa, walio wengi wakataka kwenda. Savage akasema kwamba alilolinena alijua ni kweli, lakini kwa kuwa wameamua kwenda, yeye atakwenda nao, atawasaidia, na ikibidi atakufa nao. Nimejiuliza mara nyingi, msomaji, kama mtu yule angewafaa zaidi kwa kukataa katakata.

Mapema Septemba waliwapoteza maksai wapatao 30, na magunia ya unga yakarudishwa juu ya mikokoteni. Franklin Richards, mkubwa wa kazi ya Kanisa huko Ulaya, aliwapita kwa magari mepesi, akawatia moyo, akaenda zake. Alifika kwa Young tarehe 4 Oktoba, na ndipo mjini ikajulikana kwamba watu karibu elfu moja wangali njiani. Kesho yake Young hakuhubiri mengine ila unga, nguo na nyumbu. Wanawake walivua soksi na sketi zao za ndani papo hapo mkutanoni, wakazitoa.

Theluji iliwahi kabla ya msaada, tarehe 19 Oktoba. Kundi la Willie lilikuwa limekwisha unga. Kundi la Edward Martin, lililokuwa nyuma zaidi, lilivuka mto Platte siku hiyo hiyo, maji yakiwa ya kuganda. Watu walilala wakiwa wazima, wakakutwa asubuhi wamekufa. Kundi la Willie liliingia bondeni tarehe 9 Novemba, na la Martin tarehe 30. Waliokufa katika makundi yote mawili walizidi 200. Young aliwalaumu hadharani Richards na wenzake kwa kuwaruhusu watu kuondoka kwa kuchelewa, na katika hilo alikuwa na haki. Lakini shauri la kuokoa fedha lilikuwa lake.

Miongoni mwa waliofika na Martin alikuwamo binti wa miaka 10, Ellen Pucell. Baba na mama yake walikuwa wamezikwa njiani. Miguu yake iliharibiwa na baridi, ikakatwa chini ya magoti, na tangu siku hiyo alitembea kwa magoti hadi alipokufa mwaka 1915. Aliolewa Cedar City, akazaa watoto sita. Alifua nguo za watu na kufuma soksi za kuuza, na mara moja kila mwaka alikwenda pamoja na watoto wake kuosha sakafu ya jumba la ibada, kuwashukuru majirani.