Unga, Mabega na Mpaka wa Songwe

Jeshi hula kila siku, lipigane lisipigane. Katika nchi ambayo leo ni Mkoa wa Songwe, ukweli huo ndio ulioamua vita vya 1914 hadi 1918 zaidi kuliko ushujaa wa askari au akili ya majenerali. Vitabu vingi vinavyosimulia vita hivyo huanza na mizinga na kuishia kwenye hati ya kusalimu amri. Makala hii inaanza na gunia la unga, kwa sababu gunia ndilo lililokuwa likiamua jeshi lifike wapi, lini, na likiwa na nguvu gani.

Kwa karne nyingi majeshi ya dunia yalikuwa na njia tatu za kujilisha: kubeba chakula, kukirundika mapema kwenye maghala, au kukinyang'anya mashambani. Ulaya, mzigo ulivutwa na farasi na ng'ombe. Napoleon alipoivamia Urusi mwaka 1812 alikuwa na maelfu ya magari ya kukokotwa, na bado jeshi lake likafa njaa kabla halijafa baridi. Afrika Mashariki mnyama huyo wa kukokota hakuwepo katika sehemu kubwa ya njia, maana mbung'o walimmaliza njiani. Kilichobaki ni kichwa na mabega ya binadamu.

Hesabu yake ni ngumu kuliko inavyoonekana. Mpagazi alibebeshwa mzigo wa kilo 25 hivi, na posho yake ilikuwa karibu kilo moja ya unga kwa siku. Akienda siku 12 na kurudi siku 12 huku akila mzigo wake mwenyewe, anamfikishia askari kilo moja tu. Akienda mbali zaidi ya hapo, hafikishi kitu. Ndiyo maana kila safari ndefu ilihitaji vituo vya akiba katikati, na kila kituo kilihitaji wapagazi wengine wa kukijaza, nao walihitaji kula. Aliyewalisha hatimaye ni mwenye shamba aliyekuwa kando ya njia, kwa kuuza au kwa kuporwa.

Mpaka wenyewe ulichorwa na shughuli ya kusafirisha mizigo. Barabara ya Stevenson, iliyoanza kukatwa miaka ya 1880 kuunganisha Ziwa Nyasa na Ziwa Tanganyika, ilibaki upande wa Waingereza katika mapatano ya 1 Julai 1890 kati yao na Wajerumani. Kwa hiyo Tunduma ikawa ukingoni mwa dola moja, na kituo cha Fife, upande wa pili karibu na Nakonde ya leo, kikawa ukingoni mwa nyingine. Vita vilipozuka Agosti 1914, pande zote mbili zilikuwa na askari wachache mpakani na zilikuwa mbali mno na reli zao. Shehena ya Waingereza ilishushwa Chinde, kwenye mlango wa Mto Zambezi, ikapanda kwa mito na reli fupi ya Nyasaland, ikavuka ziwa kwa meli hadi Karonga, kisha ikawekwa vichwani. Nyingine ilitoka kwenye reli ya Rhodesia Kaskazini na kupita kwa mitumbwi Mto Luapula, Ziwa Bangweulu na Mto Chambeshi. Kazi hiyo wenyeji wa huko waliiita tengatenga, na wanaume wengi walikimbilia porini waliposikia bomani wanatafutwa watu.

Tarehe 25 Mei 1916 Jenerali Edward Northey wa Uingereza aliuvuka mpaka kwa safu nne, kati ya Ziwa Nyasa na Ziwa Tanganyika. Wajerumani walikuwa na ngome Luwiwa, Namema, Ipiana na Igamba, hii ya mwisho ikiwa Mbozi. Karibu kila mahali waliponyoka usiku na kuacha mahandaki matupu. Ndani ya siku chache Northey alikuwa amefika Neu Langenburg, yaani Tukuyu, wilaya iliyokuwa ikiwapatia Wajerumani ngano. Hapo ushindi ukageuka mzigo. Kadiri askari wake walivyosonga kuelekea Iringa, waliyoitwaa mwishoni mwa Agosti, ndivyo kamba ya wapagazi nyuma yao ilivyozidi kurefuka, hadi vikosi vya mbele vikawa vinaishi kwa nusu posho. Mvua zilipoanza, mito ilifurika na unga ukaoza ndani ya magunia.

Mpagazi ndiye aliyeonja ubaya wa mpango huo. Wengi walizoea mtama, ulezi, ndizi au muhogo. Jeshini walipewa unga wa mahindi uliosagwa ukabaki na chenga, unaohitaji kuiva kwa muda mrefu. Mtu aliyefika kambini usiku amelowa, kuni mbichi, chungu kimoja kwa watu wengi, alikula ugali mbichi na kulala. Baada ya siku kadhaa alianza kuhara damu. Kuhara, homa ya mapafu na malaria viliua wapagazi wengi kuliko risasi. Upande wa Waingereza pekee hesabu rasmi ya wapagazi waliokufa ilikaribia 95,000. Upande wa Wajerumani hawakuandikwa ipasavyo. Askari Waafrika wa Wajerumani walikuwa na nafuu moja: wake zao waliwafuata safarini, wakibeba vyungu na kupika. Kila kaya ilikuwa na jiko lake.

Februari 1917 njaa ilimsukuma Kapteni Max Wintgens wa jeshi la Wajerumani kuondoka nchi ya Songea na mamia kadhaa ya askari. Alielekea magharibi, ambako mashamba yalikuwa hayajaliwa na jeshi lolote. Mwezi uliofuata alikizingira kikosi cha Rhodesia kwenye misheni ya St. Moritz, Galula, katika bonde la Mto Songwe unaomwaga maji Ziwa Rukwa (si ule wa mpakani unaoingia Nyasa, ingawa ramani za watu wa mbali huichanganya). Kisha akaenda kaskazini akila alichokikuta. Safari ya aina hiyo hupewa sifa ya ujanja wa kivita. Kwa mkulima wa Rukwa ilikuwa ghala tupu kabla ya msimu mpya. Ugogo, ambako majeshi ya pande zote mbili yalichukua ng'ombe na nafaka, njaa ya Mtunya ya 1917 hadi 1920 ilifuata.

Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani, aliishi hivyohivyo hadi mwisho. Huko Msumbiji alichukua risasi za Wareno Ngomano, Novemba 1917, na chakula cha Nhamacurra, Julai 1918, kingi kuliko wapagazi wake walivyoweza kubeba. Alipofika mpaka wa Tunduma tarehe 1 Novemba 1918 alitaka ghala la Fife. Polisi wa Rhodesia Kaskazini walimtangulia kidogo tu, naye akapita pembeni, akaingia Kasama tarehe 9. Habari ya kusimamishwa kwa vita ilimkuta Chambeshi, na tarehe 25 alisalimu amri Abercorn, sasa Mbala, akiwa na askari zaidi ya 1,100 na wapagazi wengi kuwapita askari. Fedha za wapagazi wengi waliofia kazini hazikuwahi kuzifikia familia zao.

Miaka 60 baadaye, Tanzania ilipopigana na Idi Amin wa Uganda, shehena haikuwa tena kichwani. Malori na mabasi ya raia na ya mashirika yalichukuliwa nchi nzima, reli ikajaa askari, na wananchi wakachanga ng'ombe na nafaka. Hata hivyo hesabu ya 1916 haikufutika, ilibadilisha sura tu. Kutoka Dar es Salaam hadi Mutukula, mpakani mwa Uganda, ni zaidi ya kilomita 1,300, na lori linalokwenda umbali huo bila kituo cha mafuta njiani hulazimika kubeba dizeli mahali ambapo ungewekwa unga.