Programu za hisabati: seva ikae shuleni

Nimepotea kidogo, kazi zimenibana. Leo nina jambo limenikaa moyoni na nisipoliandika halitatoka.

Juzi rafiki yangu anayefundisha hisabati huku Taita alinipigia simu. "Fundi, hebu njoo uone hizi programu zenu." Shule yake ilikuwa imejiunga na programu moja ya mtandaoni ya kujifunzia hisabati, kutoka Marekani. Nikapanda matatu Voi, nikabadilisha Mwatate, nikaelekea mlimani.

Nilikuta wanafunzi kama 40 na tableti 12. Dakika 20 za kwanza tulitazama kile kiduara kikizunguka tu. Mtandao ulipokubali, binti mmoja akaletewa swali: mtu ana dime 7, je, ana senti ngapi? Akaandika 7. Kosa. Akajaribu 14. Kosa. Programu ikaamua kwamba hajui kuzidisha, ikamrudisha kwenye masomo ya madarasa ya chini. Mwalimu akainama, akamwuliza, "Ukiwa na sarafu 7 za shilingi 10 je?" Hata hakungoja. "Sabini, mwalimu."

Dime ni sarafu ya Marekani ya senti 10. Nani angemwambia?

Nasema kama mtu anayekula kwa kuandika programu: kosa hilo ni letu. Programu ilipima kama mtoto anazijua sarafu za watu, kisha ikaandika kwamba hajui hesabu. Na rekodi ile haifutiki kwa urahisi katika kichwa cha mtoto. Kumbukeni Aprili 2025 serikali ilitangaza kwamba hisabati itakuwa ya lazima kwa wote katika sekondari pevu, baada ya mpango wa awali wa kuifanya ya hiari. Anayeaminishwa leo kwamba hawezi, kesho hana pa kuikwepa.

Sisemi programu zitupwe. Nasema mambo matatu.

Kwanza, seva ikae shuleni. Fanyeni hesabu nami: video ya MB 20 ikitazamwa na wanafunzi 40, kila mmoja kivyake kupitia intaneti, ni MB 800 kwa kipindi kimoja. Ikiwa kwenye seva ya shule, inapakuliwa mara moja, MB 20 basi, na tableti zinaisoma kwa Wi-Fi ya darasani hata mtandao ukikatika. Si ndoto. Iko programu huria iitwayo Kolibri, ya shirika la Learning Equality, iliyoundwa kwa kazi hiyohiyo. Inakaa hata kwenye Raspberry Pi, kikompyuta cha ukubwa wa kiganja, na mwalimu anaona nani amekwama wapi. Hata ule mradi wa serikali wa tableti ulioanza 2016, uliofikisha vifaa zaidi ya milioni 1 katika shule za msingi za umma zaidi ya 20,000, ulikuja na seva ya masomo pamoja na ruta. Wazo lilikuwa zuri. Kabla ya kununua kipya, shule ifungue kabati iangalie ilichonacho.

Kuna watakaosema intaneti ya setilaiti imefika, Starlink iko Kenya tangu 2023. Ni kweli, na inasaidia. Lakini bili ni ya kila mwezi. Pesa zikiisha katikati ya muhula, somo nalo limeisha.

Pili, maswali yawe ya kwetu. Kwa sera yetu mtoto huanza kwa lugha ya eneo lake, kisha kuanzia Gredi ya 4 anasoma kwa Kiingereza. Hapo hesabu na lugha zinagongana. Muulize kuhusu nauli ya Voi hadi Wundanyi, mafungu ya mkonge, au shamba la mahindi ambalo ndovu wamekula robo yake. Sehemu ataijua, maana robo hiyo aliiona kwa macho.

Tatu, mwalimu awe na neno la mwisho. Programu ikisema mtoto arudishwe nyuma, iwe ni pendekezo, na mwalimu awe na kitufe cha kulikataa. Kitufe kimoja tu, jamani! Ni kazi ya siku moja kwa anayejua kuandika msimbo. Siku ile mwalimu alijua tatizo kwa swali moja, lakini programu haikuwa na mahali pa kumsikiliza.

Chuo Kikuu cha Taita Taveta kiko hapahapa kwetu. Vijana wanaotafuta mradi wa mwisho wa masomo, mradi ndio huu. Mimi nimeanza: nina maswali 30 ya sehemu na desimali kwa shilingi, kilo na debe. Jumamosi ijayo napanda tena mlimani na kikompyuta changu mfukoni. Yule binti nitamwomba awe wa kwanza kuyakosoa.

Tuonane tena, Mungu akipenda.