Waliobaki Mjini Kuzika

Ugonjwa wa mlipuko unapoingia mjini, maswali mawili huulizwa upesi: nani ameuleta, na nani atawahudumia wagonjwa? Mara nyingi vidole huelekezwa kwa watu wale wale katika maswali yote mawili, nao ni maskini na wageni. Tumeona yafaa kukumbusha habari za mji wa Philadelphia, Marekani, mwaka 1793, maana humo jambo hili laonekana waziwazi.

Philadelphia ilikuwa wakati huo makao makuu ya taifa changa, ikiwa na watu wapatao 50,000. Mwezi Agosti homa ya manjano ilizuka karibu na gati za mto Delaware. Hadi Novemba, watu kati ya 4,000 na 5,000 walikuwa wamekufa. Wapatao 20,000 walikimbia, naye Rais George Washington aliondoka mwezi Septemba. Hatuwalaumu wote waliokimbia, kwani mzazi huwaokoa wanawe. Lakini kukimbia kulihitaji gari la farasi, fedha na jamaa wa kumpokea mtu huko mashambani; asiyekuwa na hayo alibaki.

Daktari mashuhuri Benjamin Rush aliamini, kwa kufuata maandishi ya zamani, kwamba watu weusi hawapatwi na homa hiyo. Akawasihi wajitolee. Richard Allen na Absalom Jones, viongozi wa chama cha Waafrika huru, wote wawili wazaliwa wa utumwani, waliitikia. Wao na wenzao waliuguza wagonjwa waliokimbiwa hata na wenzi wao wa ndoa, wakabeba maiti ambazo hakuna aliyethubutu kuzigusa. Kwa maelekezo ya Rush waliwatoa wagonjwa damu, tiba ambayo leo twajua kuwa iliwadhoofisha.

Nadharia ile ilikuwa ya uongo. Mwaka 1792 watu weusi 67 walizikwa mjini humo. Mwaka 1793 walizikwa 305. Rush mwenyewe alikuja kukiri kosa lake.

Homa ilipokoma, mchapishaji Mathew Carey alitoa kijitabu kilichouzwa sana. Humo aliwasifu Allen na Jones kwa majina, lakini akawashutumu wauguzi weusi kwamba walitoza malipo makubwa mno na kuiba katika nyumba za wagonjwa. Mwanzoni mwa 1794 Allen na Jones walijibu kwa kijitabu chao. Hapa ndipo tunapowastahi zaidi: hawakukubali kupokea sifa huku wenzao wakitukanwa. Walieleza kwamba ujira ulipanda kwa sababu wenye fedha walishindana kuwavuta wauguzi kwa kuongeza dau. Walikumbusha kwamba Carey mwenyewe aliuacha mji kwa muda. Kisha wakaweka hesabu hadharani: walipokea pauni 233 na kitu, wakatumia pauni 411 kwa majeneza na ujira wa wabeba maiti. Meya Matthew Clarkson, ambaye hakukimbia, aliwapa hati ya kushuhudia mwenendo wao mwema.

Kwa maoni yetu, kosa la Rush na kosa la Carey hayalingani. Rush alikosea kama walivyokosea waganga wote wa zama zake, maana kazi ya mbu katika homa hii ilithibitishwa mwaka 1900 tu, na tume ya Walter Reed huko Kuba, baada ya Carlos Finlay kuitaja tangu 1881. Asiyejua husamehewa. Lakini kumsingizia aliyemzika nduguyo si kutojua. Carey alikuwa na mashahidi mtaani kwake, angaliweza kuwauliza.

Mwaka huo huo wa 1900, tauni ilipoonekana San Francisco, wakuu wa afya waliuzingira mtaa wa Wachina, lakini mstari wa karantini ukakwepa nyumba za Wazungu zilizokuwamo humo humo. Mwezi Juni jaji aliamua kwamba zuio la namna hiyo ni ubaguzi. Tauni yenyewe ilikuwa ya kweli, ingawa gavana wa jimbo aliikana. Wachina walionewa na wenye kuukuza ugonjwa na wenye kuuficha pia.

Tena wako wanaoshangaa kwa nini Wamarekani weusi wengi huitilia shaka sindano ya serikali. Huko Tuskegee, jimbo la Alabama, tangu 1932 hadi 1972, idara ya afya ya taifa iliwafuatilia wanaume weusi 399 wenye kaswende bila kuwatibu, hata baada ya penisilini kuwa dawa ya kawaida. Waliambiwa tu kwamba wanatibiwa “damu mbaya”. Rais Bill Clinton alipoomba radhi kwa niaba ya taifa, tarehe 16 Mei 1997, ni wanane tu kati ya wale waliochunguzwa waliokuwa bado hai.