Watoto Umemwachia Nani?

Mwanamke akichukua fomu ya kugombea, kabla hajaulizwa ana sera gani ataulizwa watoto kamwachia nani. Mwanamume mwenye watoto sita atazunguka jimbo usiku na mchana na hakuna atakayemuuliza. Tumeaminishwa kwamba mama anayejitosa kwenye siasa anawaibia wanawe. Huo ni uongo, na umetunyima viongozi wengi.

Februari 28, 1992, akina mama wa wafungwa wa kisiasa nchini Kenya, wengi wao wazee, waliketi Uhuru Park jijini Nairobi wakagoma kula pamoja na mwanaharakati Wangari Maathai, wakidai wana wao waachiwe. Siku chache baadaye polisi wakawavamia kwa virungu na mabomu ya machozi. Baadhi ya akina mama wale wakavua nguo mbele ya askari wa rika la watoto wao, na kila aliyelelewa kwetu anajua uzito wa laana ile. Maathai alipelekwa hospitali akiwa hana fahamu. Wenzake wakahamia kanisa kuu la All Saints, wakakaza kamba kwa takriban mwaka mzima, hadi karibu wafungwa wote wakatoka. Nani atathubutu kusema walitelekeza familia? Kwao, kumlea mwana kulimaanisha kumkabili Rais Moi.

Sikatai kwamba mzigo upo. Mtoto ana homa, kikao cha chama kinaanza saa mbili usiku, na nyumbani hakuna mtu. Lakini saa hiyo ilipangwa na watu, wala si amri ya Mungu. Agosti 7, 2019, Zuleikha Hassan, wakati huo Mwakilishi wa Wanawake wa Kwale, Kenya, aliingia bungeni na mwanawe wa miezi mitano kwa kukosa wa kumwachia. Akaamriwa atoke, eti kanuni haziruhusu mgeni ukumbini. Sheria ya Afya ya mwaka 2017, iliyopitishwa na Bunge, inamtaka mwajiri atenge chumba cha kunyonyeshea. Mtoto mchanga akafukuzwa na waliotunga sheria ya kumlinda.

Basi tuache kuwahoji akina mama, tuvihoji vyama na mabunge. Vikao vifanyike mchana. Patengwe pa watoto na mlezi alipwe. Na mkutano ukilazimika kuwa wa jioni, akina baba wabaki nyumbani, wawaogeshe watoto, wawape uji, wawalaze, bila kungoja kushukuriwa.