Mkasi Uko Mkononi mwa Nani?

Mwaka 1947 ilichimbwa Mwadui almasi ya rangi ya waridi, uzito wake karati 54.5. Dakta John Williamson, mwenye mgodi, aliitoa zawadi ya arusi kwa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza. Mwaka 1948 ilikatwa mjini London, zikabaki karati 23.6. Jiwe lilitoka Shinyanga, lakini umbo linalosifiwa na ulimwengu liliamuliwa na mkono wa mkataji.

Filamu nazo ni vivyo hivyo. Wapo miongoni mwetu wanaodai kwamba mhariri wa filamu ni fundi wa mkasi na gundi tu. Dai hilo ni potofu, tena ni la hatari kwa taifa linalopigwa picha na wengine. Mpiga picha huchimba; mhariri hukata. Yeye huamua kipi kitangulie, kipi kifuate na kipi kitupwe. Picha mbili zikiunganishwa huzaa maana ya tatu, isiyokuwamo katika yoyote kati ya hizo mbili.

Tuchukue mfano wa filamu ya Darwin's Nightmare ya mwaka 2004, iliyopigwa Mwanza, kaskazini ya Shinyanga. Mwongozaji wake ni Hubert Sauper, na mhariri ni Denise Vindevogel. Ufaransa iliitunuku tuzo ya César mwaka 2006. Humo twaona ndege zikibeba minofu ya sangara, na wananchi wakianika mapanki. Kisha rubani asimulia alivyopeleka mizigo ya kivita Angola, akarudi na zabibu kutoka Johannesburg. Katika simulizi hiyo Mwanza haimo, wala sangara hawamo. Lakini ikisha kuunganishwa na ndege za Mwanza, mtazamaji wa Paris aweza kuondoka akiamini kwamba ameziona silaha zikishushwa kando ya ziwa letu. Imani hiyo imezaliwa na mkasi.

Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliishutumu filamu hiyo hadharani. Hasira ile twaielewa, wala hatusemi kwamba umaskini ulioonyeshwa ulikuwa wa kubuni. Lakini hasira haikati filamu. Jibu lililopasa ni filamu yetu wenyewe juu ya sangara, iliyohaririwa na vijana wetu.

Tuliwahi kuanza. Iringa palikuwa na kiwanda cha Tancut cha kukata almasi. Dar es Salaam palikuwa na Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968. Vyote viwili tuliviacha vikadhoofika. Leo kompyuta moja ya shule yatosha kuhariria filamu, hivyo udhuru umekwisha.

Basi, walimu, msiwafundishe vijana kupiga picha tu. Wafundisheni kukata na kuunganisha, na kila watazamapo filamu wajiulize: ni kipi kilichotupwa, na nani aliyekitupa? Taifa lichimbalo bila kukata litazidi kuuziwa sura yake lenyewe, kwa bei ya mkataji.