Tufaa la mama halina kanzu

Jumapili moja mwezi Machi nilifungua droo ya kitanda cha mama nikitafuta kadi yake ya bima, nikakuta maganda ya biskuti. Si mawili wala matatu. Yalikuwa yamekunjwa vizuri na kusokomezwa ndani ya soksi, kama mtu anavyoficha fedha. Nilichukua kadi, nikafunga droo, nikaenda kukaa uani bila kusema kitu.

Wasomaji wa ukurasa huu wa siku nyingi wanajua kwamba mama yangu, anayeishi Morogoro, ana kisukari aina ya pili. Alipoambiwa, miaka miwili iliyopita, sisi watoto wake tulijitungia sheria. Keki haikatwi mbele yake. Soda zinanyweka nje. Krismasi iliyopita wajukuu walipoletewa vitu vyao vitamu, mama aliinuka mwenyewe akasema anakwenda kutazama kuku. Kuku walikuwa wamefungiwa tangu saa kumi na mbili. Katika wote, mkali zaidi nilikuwa mimi, kwa kuwa ndiye niliyesoma na ndiye ninayeandika habari za afya.

Asubuhi ile ya Jumapili mashine ilisoma 14.2 kabla hajatia kitu mdomoni. Akasema labda ni viazi vya jana.

Tulipokwenda kliniki wiki iliyofuata nilimvuta pembeni mtaalamu wa lishe nikamweleza habari za soksi. Nilitegemea amgombeze mama. Akaniuliza mimi: "Mama huwa anakula kitamu akiwa na nani?" Nikajibu kwamba hali kitamu, tumemkataza. Akanitazama tu. Nikaelewa polepole, tena kwa aibu, kwamba kumnyima mezani ndiko kulikomfundisha kula chumbani, na chumbani hakuna anayepima.

Ndipo nikayakumbuka matufaa ya kuvishwa unga.

Haya nilifundishwa sekondari na mwalimu wa kujitolea, mama wa Kimarekani aliyetoka jimbo la Pennsylvania. Kule ni chakula cha nyumbani hasa, kilichoshikiliwa na wazao wa wahamiaji waliokuwa wakizungumza Kijerumani: tufaa zima linamenywa, linatolewa kokwa, linajazwa sukari na mdalasini, linafungwa ndani ya unga kama mtoto kwenye kanga, kisha linaokwa. Wanalila na maziwa baridi, na wapo wanaolila hata asubuhi. Siku hizi wengine huko hununua unga uliokwisha kutengenezwa na kumwagia soda juu yake. Hilo sitawafundisha.

Kabla ya kwenda jikoni, neno moja kuhusu jina. Ukimwambia bibi wa Pwani "tofaa" anaweza kukuletea lile tunda la waridi lenye majimaji, lenye umbo la kengele. Hilo halifai kuokwa, linaishia maji. Ninalosema hapa ni epo, lile linalouzwa mezani sokoni na kwenye vikapu vya stendi. Mengi hutoka Afrika Kusini, lakini Njombe na Makete wanalima, na Lushoto pia. Chukua ya kijani yenye uchachu kama yapo. Mekundu yaliyokaa sana huwa ya ungaunga, na kwenye moto yanaporomoka. Chagua madogo, ya kutosha kiganja.

Kwa watu sita utahitaji matufaa sita madogo, vikombe viwili na nusu vya unga wa ngano, vijiko viwili vya chai vya bekingi pauda, chumvi nusu kijiko cha chai, siagi gramu 125, yaani nusu ya kopo la gramu 250, na maziwa baridi kama nusu kikombe. Changanya vitu vikavu, kisha sugua siagi kwenye unga kwa ncha za vidole mpaka ufanane na chenga za mkate. Tia maziwa kidogo kidogo, uache mara tu unga unaposhikana. Huu si unga wa chapati, msiukande. Ukiukanda utapata kitu cha kutafuna hadi Jumatatu. Ufunike, uupumzishe mahali penye ubaridi kama nusu saa.

Wakati huo menya matufaa na utoe kokwa kwa kisu chembamba, ukiacha kitako bila kukitoboa ili kilichomo kisivuje. Jaza shimo kwa karanga za kukaanga zilizotwangwa kidogo, zabibu kavu chache, mdalasini na kijiko kimoja cha chai cha sukari kwa kila tufaa. Yapake maji ya limau kama hutaki yawe meusi, ingawa mimi huwa sijali, ndani ya unga hakuna anayeona.

Sukuma unga uwe mwembamba kuliko chapati, ukate vipande sita vya mraba, upana wa kiganja pamoja na vidole. Weka tufaa katikati, pandisha pembe nne juu, uzibane kwa vidole vilivyoloweshwa maji. Mishono ikiwa mibaya si kitu. Watoto wa kaka yangu hufunga ya kwao wenyewe na kila moja linatoka na sura yake.

Mwenye oveni aiwashe nyuzi 190, ayaweke kwenye trei iliyopakwa siagi, ayape dakika 40 hadi 45, mpaka unga uwe wa kahawia na kisu kipite ndani ya tufaa bila kubishana. Kwa mama hakuna oveni, kuna jiko la mkaa. Tunatumia sufuria nzito yenye mfuniko bapa: makaa machache chini, mengi tunayapalia juu ya mfuniko, kama tunavyooka keki. Muda ni uleule takriban, ila chungulia baada ya nusu saa. Na hili niliseme kwa uzito wa kazi yangu: jiko la mkaa likae nje au kwenye banda lililo wazi, lisiingizwe ndani kwa sababu mvua imeanza. Hewa ya kaboni monoksaidi haina harufu, na inaua watu waliolala.

Sasa sharubati, na hapa ndipo penye mgogoro wangu na mwalimu wangu. Kwenye karatasi aliyoniandikia, ambayo bado ninayo, matufaa sita yanamwagiwa sharubati ya kikombe kimoja na nusu cha sukari. Nilikaa na kikokotoo. Hizo ni gramu 300 hivi, gawa kwa sita, ni gramu 50 kwa kila mlaji, bila kuhesabu sukari iliyomo ndani ya tunda. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2015, linashauri sukari ya kuongezwa isizidi asilimia 10 ya nishati ya siku, ambayo kwa mtu mzima wa kawaida ni kama gramu hizohizo 50, vijiko 12 vya chai. Linasema ikishuka hadi nusu yake ni bora zaidi. Kwa hiyo tufaa moja la mwalimu linamaliza posho ya mtu mzima ya siku nzima, na mtoto wa miaka sita ndiyo kabisa. Kwa kulinganisha, chupa moja ya soda ya kola ya mililita 350 ina kama vijiko 9.

Mimi natumia vijiko vinne vya chakula vya sukari kwa sufuria nzima, maji kikombe kimoja, kijiti cha mdalasini, kipande kidogo cha siagi na maji ya nusu limau. Ichemke dakika tano. Ukijumlisha na kile kijiko cha ndani, kila mtu anapata kama vijiko vitatu vya chai. Hakuna mtoto aliyelalamika. Aliyelalamika ni shemeji yangu.

Mwenye oveni aimwage kuzunguka matufaa kabla ya kuoka. Wa mkaa asifanye hivyo. Mara ya kwanza niliimwaga mapema, mvuke ukajaa chini ya mfuniko, unga ukageuka kitu kati ya ugali na uji. Tulikula ndani na kuacha nje. Imwage dakika kumi za mwisho, au ukishaipua.

Kwa wenye watoto wadogo: liacheni lipoe. Nje huwa vuguvugu wakati ndani bado kunatokota, na mtoto anauma katikati moja kwa moja. Wa chini ya miaka mitano asipewe karanga nzima, zisageni kabisa au mziache. Wa chini ya mwaka mmoja asitiliwe asali kama mbadala wa sukari. Ila tufaa lenyewe likishaiva laini ni salama zaidi kwa mtoto anayeanza kula kuliko kipande kibichi, ambacho ni kigumu na kinaweza kumkaba.

Turudi kwa mama. Mara ya kwanza nilimwokea la kwake pembeni, bila unga: tufaa na ganda lake, karanga, mdalasini, basi. Niliona nimefanya jambo la maana. Akalitazama kwenye sahani, akatazama ya wengine, akasema, "La kwangu halina kanzu." Wajukuu wakacheka mpaka wakamwaga maziwa. Yeye alilila nusu, akanyamaza. Nikajua bado tunamwendesha kuku bandani.

Ukweli ni kwamba katika tufaa hili sukari si tatizo pekee. Unga umebeba zaidi. Moja zima, pamoja na tunda na sharubati, lina karibu gramu 65 za wanga na sukari, yaani zaidi ya zilizomo kwenye kikombe cha wali. Mtaalamu wa lishe hakusema asile. Alituambia mambo yanayopimika: ale nusu, ale baada ya mlo wenye mboga na maharage na siyo tumboni patupu, siku hiyo apunguze wali, kisha apime baada ya saa mbili. Hayo ni ya mama yangu, anayetumia vidonge. Anayechoma insulini au mwenye tatizo la figo aulize kliniki yake kwanza, asifuate gazeti. Na mdalasini ni kiungo. Nimeshapokea ujumbe wa watu walioacha vidonge kwa ajili yake, tafadhali msifanye hivyo.

Jumapili iliyofuata tulikata moja lenye kanzu katikati, nusu yake, nusu yangu. Mama alijipimia wali mwenyewe, vijiko vitatu, akausogeza ule mwingine kwa kaka. Alikula lile nusu polepole, kwa kijiko, akikwangua sharubati kwenye sahani, akawa anawasimulia watoto jinsi walivyokuwa wakichoma viazi kwenye majivu ya moto alipokuwa mdogo. Hakuna aliyetoka kwenda kuangalia kuku.

Baada ya saa mbili akaleta mashine mwenyewe. Tulikuwa sita juu ya kidole kimoja. Ikasoma 9.3. Si ya kushangilia, lakini kliniki walimwekea asivuke 10 baada ya kula, na yeye aliiandika kwenye daftari lake kwa kalamu nyekundu.

Asubuhi zake sasa huwa kati ya 7 na 8, isipokuwa wiki ya msiba wa jirani ambapo kila mtu alikula kilichokuwepo. Sijafungua ile droo tena. Jana jioni alinipigia simu, hakuuliza habari za kazi, akasema tu nikija Jumapili nilete ya kijani, yale mekundu ya mara iliyopita yalikuwa ya ungaunga.