Kompyuta Yako Inajua Kirusi Kuliko Kiswahili

Wacha niseme kitu na mnitukane baadaye. Laptopu nyingi za vijana Nairobi zinajua Kirusi vizuri kuliko zinavyojua Kiswahili.

Sio utani. Kama unahariri video, unatengeneza biti, ama unacheza gemu ambazo hukulipia (sitauliza), ingia kwa diski ya C, fungua Program Files, tafuta programu unayoitumia kila siku. Utaona foda ndogo ndogo zenye herufi mbili mbili: de, es, fr, ja, ru. Hiyo ru ni Kirusi. Ndani yake kuna faili ya maktaba, jina linaishia na .resources.dll. Wakati mwingine ni faili ya maandishi tu, kama ile ru.txt inayokaa kwa foda ya Lang ya 7-Zip, unaweza kuifungua na Notepad ukasoma kila neno. Sasa tafuta sw. Ru utaipata karibu kila mahali. Sw ni bahati nasibu.

Kwa wale hawajui hizi faili ni za nini, ni hivi. Programu iliyotengenezwa vizuri haichanganyi akili yake na mdomo wake. Akili, yaani ile kodi inayofanya kazi, inakaa kwa faili moja. Mdomo, yaani maneno ya menyu, vitufe na yale maonyo ya ghafla, unakaa kwa faili tofauti, moja kwa kila lugha. Ukifungua programu, inauliza Windows: huyu mtu anaongea nini? Windows ikisema Kirusi, inaenda kwa foda ya ru. Isipopata lugha yako, inarudi kwa ile ya kwanza, ambayo karibu kila mara ni Kiingereza. Windows yenyewe imepangwa hivyo hivyo tangu enzi za Vista. Notepad ni programu, lakini maneno yake yako kando, kwa faili inaitwa notepad.exe.mui ndani ya foda ya en-US. Kila lugha ina hadi nambari yake. Kirusi ni 1049. Kiswahili ni 1089, na alama yake ni sw-KE. KE ni sisi! Watanzania wametubeba kwa sarufi miaka yote, halafu Microsoft ikaandika Kenya. LibreOffice nao waliweka sw-TZ, kwa hivyo tuseme ni sare.

Kumaanisha nini? Kumaanisha kumpa mtu programu kwa lugha yake hakuhitaji kuijenga upya. Ni faili moja, orodha ya sentensi, upande huu Kiingereza, upande ule chako. Mtu wa miaka kumi na saba mwenye Notepad na subira anaweza.

Na ndivyo Warusi walifanya. Watu hudhani Kirusi kiko kila mahali kwa sababu kampuni za Marekani ziliwapenda sana. Hapana. Miaka ya 1990 programu na gemu zilikuwa zinafika kule kwa Kiingereza kama zinavyofika kwetu. Tena wao walikuwa na shida ya ziada: herufi zao. Programu ya zamani ikikosea seti ya herufi, neno lao la faili, Файл, linatokea kwa skrini likiwa Ôàéë. Hiyo sio lugha, hiyo ni kikohozi. Lakini hawakukaa wakisema Kirusi hakifai kompyuta. Vijana walifungua hizo faili za maneno, wakatafsiri wenyewe, wakaziita rusifikator, wakazisambaza. Ulikuwa unanunua gemu kwa CD ya wizi pale soko la Gorbushka, Moscow (fikiria Luthuli Avenue yenye theluji), na rusifikator iko ndani. Tafsiri zingine zilikuwa mbaya mpaka zikageuka vichekesho. Watu walizitumia hivyo hivyo. Na kwa sababu walizitumia, waliotengeneza programu wakaona kuna soko, wakaanza kuweka ru wenyewe.

Pia wao wenyewe wakawa watengenezaji. Ile WinRAR ambayo inakuomba ulipe na wewe unafunga dirisha kila siku ni ya Eugene Roshal, Mrusi. RAR ni Roshal Archive. 7-Zip ni ya Igor Pavlov, Mrusi pia. Mtu anayeandika programu hawezi kusahau lugha ya mamake.

Msiniambie sisi hatuna hiyo akili. Sisi tuna DJ Afro. Yule jamaa alichukua filamu za Kihindi, za Kichina, za Hollywood, akaweka mdomo wake juu yake, na kibanda kizima cha video kikaelewa kila kitu, hadi vitu ambavyo havikuwa kwa filamu. DJ Afro ni rusifikator! Hakungoja kamati ikubaliane neno la Kiswahili la "helikopta". Aliangalia nani ameketi kwa benchi, akaongea lugha ya huyo mtu. Ni kwa nini hiyo roho iliishia kwa filamu, haikuingia kwa kompyuta?

Najua jibu la watu wa huku kwetu Karen, kwa sababu nalisikia kila nikitaja hii maneno: Kiswahili ni kigumu kwa teknolojia. Manze. Huyo anayesema hivyo ametoka kulipa kahawa na Lipa na M-PESA. Jana usiku alikuwa na Fuliza. Akiishiwa na kredo anaenda Okoa Jahazi. M-PESA ilianza 2007, na tangu hapo Kenya nzima, matajiri kwa maskini, imekuwa ikishughulika na teknolojia ya pesa kwa majina ya Kiswahili bila mtu kuhitaji kamusi. "Fuliza" lilikuwa neno ambalo wengi wetu hatukuwa tunalitumia. Sai ni kitenzi cha mwisho wa mwezi. Shida basi sio lugha. Shida ni kwamba pale kampuni ilipotaka pesa ya kila mtu, ilitafuta neno. Pale ilipomtaka mwenye Kiingereza peke yake, haikutafuta.

Sasa nifike kwa kitu kilichonifanya niandike hii.

Sisi vijana tunajua ile hisia ya kupakua programu iliyovunjwa leseni, unabonyeza kuiweka, boom, dirisha lote ni Kirusi. Далее. Далее. Принимаю. Unabonyeza tu kile kitufe kimekolea rangi. Kuna viboksi vitatu vimewekwa tiki na hujui vinasema nini. Unacheka, unasonga. Kesho kompyuta ina kivinjari ambacho hukukiomba, na Mungu ajua nini kingine. Tunaona ni jambo la kuchekesha kwa sababu tunajua hiyo sio hali ya kawaida, ni ajali ya siku moja.

Kwa mzee anayelinda geti ya korti yetu, hiyo ndiyo hali ya kawaida. Anasoma Kiswahili vizuri kabisa, gazeti la Taifa Leo analimaliza kabla ya saa nne. Kiingereza anakijua cha salamu na cha nambari za gari. Mwaka jana alikopa kwa programu fulani ya mikopo kwa simu. Ilimwonyesha ukurasa wa Kiingereza, kitufe kilichokolea rangi, akabonyeza. Alichobonyeza ni ruhusa ya kusomewa namba zote alizohifadhi kwa simu. Alipochelewa kulipa, walimpigia mkwe wake. Walimpigia mwenyekiti wa chama chake. Walimpigia madam wa nyumba nambari nne, ambaye alikuwa karibu kumfuta. Aliniuliza, "Kijana, mimi niliwapa lini hizo namba?" Nikachukua simu nikamwonyesha pale. Akaangalia ile sentensi kwa muda mrefu. Kwake ilikuwa Далее.

Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 inasema ridhaa lazima iwe ya hiari, ya wazi, na mtu awe amefahamishwa anachokubali. Katiba ya 2010, kifungu cha 7, inasema Kiswahili ndicho lugha ya taifa, na ni lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Weka hizo mbili pamoja halafu uniambie mzee alikubali nini. Mimi sio wakili. Lakini naona kama kampuni inaweza kumtumia mtu matangazo ya mkopo kwa Kiswahili kitamu, "pata pesa sasa hivi", inaweza pia kuandika kwa Kiswahili hicho hicho kwamba tutasoma namba za mkweo. Wanajua lugha. Wanachagua mahali pa kuitumia.

Kuna mtu atasema, lakini Windows ya Kiswahili imewahi kutoka. Ni kweli, ilikuja kabla wengine wenu hamjazaliwa. Mwaka 2004 Microsoft ilitangaza kwamba inaleta Windows na Office za Kiswahili, na Desemba ya mwaka huo huo mradi wa Kilinux pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ukatoa Jambo OpenOffice, ya bure, kwa Kiswahili. Kwa hivyo hakuna cha kulia ati Afrika ilisahaulika kabisa. Lakini angalia vile ilipangwa. Kwa Microsoft, Kirusi kimekuwa lugha kamili: Windows nzima, juu mpaka chini. Kiswahili kilikuwa kwa daraja la pili, pakiti ya kiolesura iliyovikwa juu ya Kiingereza. Sehemu zinazotumika sana zilitafsiriwa, na zingine zilipobaki wazi, Kiingereza kilichungulia. Ulikuwa unaanza na "Mipangilio", unaingia ndani kidogo, unajipata uko London.

Na hii hapa ni lawama yetu, sio ya Microsoft. Hatukuiweka. Cyber zote ninazopitia kati ya Karen na Dagoretti Corner, zile ambazo wasee wa Kuwinda wanaenda kufanyiwa KRA na kuprinti vyeti, sijaona mashine hata moja yenye menyu ya Kiswahili. Kampuni ikihesabu wanaotumia ikiona ni wachache, itaendelea kuwekeza huko? Warusi walitumia hata tafsiri mbaya. Sisi tunaona "tarakilishi" mara moja, tunacheka, tunarudi kwa Kiingereza. Sawa, hata mimi nasema kompyuta, na sioni ubaya. Lakini kucheka neno sio sababu ya kumnyima mzee wa geti sentensi nzima.

Ugumu wa kweli upo, na hauko kwa msamiati. Uko kwa ngeli. Mwandishi wa programu wa Marekani anaandika sentensi moja yenye pengo, kitu fulani "kimefutwa", na pengo linajazwa baadaye. Kwa Kiingereza inafanya kazi kwa kila kitu. Kwetu picha imefutwa, picha tano zimefutwa, kiungo kimefutwa, viungo vimefutwa, mtumiaji amefutwa. Ukitafsiri mara moja kwa haraka unapata "Mtumiaji imefutwa", na kila mtu aliyefanya insha ya KCPE anashika kichwa. Lakini Warusi wana jinsia tatu za nomino, na nomino yao inabadilika ukihesabu: faili moja ni файл, mbili ni файла, tano ni файлов. Walipigana na hiyo mpaka programu zikajengwa kuwa na nafasi ya kila umbo. Hizo nafasi sasa zipo kwa programu nyingi. Mtu ametuchimbia kisima, sisi tunalia kiu.

Nimeanza na programu moja ndogo ya kurekodi sauti, ya bure, ambayo mwenyewe ameacha faili za lugha wazi. Nilichukua ru kama ramani ya kujua mistari iko mingapi, nikafungua faili tupu, nikaiita sw. Kila nikimaliza kurasa mbili naenda geti na laptopu, namwonyesha mzee kitufe bila kumweleza, namuuliza kitafanya nini. "Hifadhi" alijua. "Rekodi" alijua. "Ghairi", ambalo ndilo utakuta kwa tafsiri nyingi za kampuni, aliniambia ni kama ulikuwa uende safari halafu ukabadilisha nia. Ambayo ni sahihi kabisa, ni vile tu hakujua itafanya nini kwa sauti aliyokuwa ameanza kurekodi. Nikaifuta nikaandika "Acha". Akabonyeza kabla sijamaliza kuuliza.

Kwa hivyo kwa faili yangu ni "Acha". Watu wa Mombasa najua mtaniwashia moto. Kujeni, lakini kujeni na neno. Nimekwama pia kwa ile hatua ya mwisho, programu inapochanganya kila kitu na kukutolea faili moja iliyokamilika. Kwa sasa nimeandika "Pika". Mzee amesema ni sawa, lakini ameuliza kama itaiva saa ngapi.